Kaa Mzanini Kwanza: Namna ya Kukusanya Mahitaji ya Mfumo Kabla ya Kuandika Programu

Mimi ni mchambuzi wa mifumo, na sehemu kubwa ya kazi yangu imekuwa kwenye vyama vya msingi vya ushirika mkoani Mtwara, vile ambavyo kila mtu huviita AMCOS. Kwa anayetazama kwa mbali, kazi ya chama ni nyepesi. Mkulima analeta korosho ghafi, zinakaguliwa daraja, zinapimwa, zinakwenda ghala kuu, zinauzwa mnadani, kisha fedha zinaingia kwenye akaunti yake baada ya makato. Mtengeneza programu akisikia maelezo hayo anaona majedwali matatu ya kanzidata na wiki mbili za kazi. Anaandika mfumo Dar es Salaam, anaushusha kijijini msimu ukifunguliwa, na kabla mwezi haujaisha makarani wamerudi kwenye daftari.

Tatizo huwa si programu mbovu. Nimeona mifumo iliyoandikwa vizuri sana ikiachwa. Tatizo ni kwamba mahitaji yalichukuliwa kwenye kikao, kutoka kwa watu wanaoijua kazi jinsi inavyopaswa kwenda, na hakuna aliyekwenda kuitazama inavyokwenda siku foleni ni ndefu na umeme umekatika. Ninachoeleza hapa ni utaratibu ninaoutumia mimi. Mifano ni ya korosho, lakini ukiwa na SACCOS, zahanati au duka la pembejeo, hatua ni zilezile.

Omba karatasi zilizojazwa

Kabla ya kumhoji mtu, omba karatasi. Fomu tupu haina msaada mkubwa, maana inakuonyesha tu alivyodhani aliyeichapisha. Omba kitabu cha mapokezi cha msimu uliopita kilichojazwa, nakala za stakabadhi zilizofutwa, orodha ya malipo iliyorudishwa na benki, barua za malalamiko, na muhtasari wa mkutano mkuu wa mwaka. Mkutano mkuu ni hazina: humo wakulima wamesema kwa majina na kwa hasira ni nini kilichowaudhi.

Kaa na kitabu cha mapokezi peke yako, tafuta kila kilichoandikwa nje ya mistari. Kwenye kitabu kimoja nilikuta pembezoni mwa ukurasa "kwa niaba ya mama yake". Kurasa chache mbele: "magunia 2 yana unyevu, amerudi nayo". Kwingine jina limekatwa na juu yake imeandikwa namba ya simu. Kila moja ya hayo ni hitaji ambalo hakuna mtu angelitaja kikaoni. La kwanza linakwambia kwamba mwenye korosho na aliyezileta si lazima wawe mtu mmoja, na mfumo wako lazima uwatambue wote wawili. La pili linakwambia kuna mzigo unaofika ghalani usipokelewe, na mkulima angependa ijulikane kwamba alikuja nao, ili atakaporudi baada ya kuuanika asiulizwe ametoka wapi. La tatu linakwambia kuna wakulima zaidi ya mmoja wenye jina lilelile kijijini, na karani ameshapata njia yake ya kuwatofautisha.

Kisha uliza kwa upole kama kuna daftari lingine. Karibu kila ofisi ina daftari la pembeni, ambalo karani analiweka kwa ajili yake mwenyewe kwa sababu kitabu rasmi hakimtoshi. Asilione kama kosa lake, na wewe usiliite daftari la siri mbele ya bosi wake. Mwombe akuonyeshe anavyolitumia. Mara nyingi huko ndiko mfumo halisi uliko: nani amekopa magunia tupu, nani amechukua pembejeo, nani simu yake imebadilika. Mtu akilipa gharama ya kuandika kitu mara mbili bila kuagizwa, ujue hicho kitu ni muhimu kwake.

Kaa mzanini

Hatua hii ndiyo inayorukwa kuliko zote, na mimi siwezi kukubali mradi ambao hauniruhusu kuifanya. Nenda siku ya kupokea mzigo, ukae karibu na mzani kutwa nzima, na usiulize maswali mengi. Jitambulishe, salimia wazee kwa heshima yao, sema umekuja kujifunza kazi, kisha tulia. Saa za kwanza watu watafanya kazi kama kitabu kinavyosema kwa sababu upo. Jua likipanda na foleni ikirefuka watakusahau, na hapo ndipo utaanza kuona.

Tazama tu tendo moja la kupima. Vijana wawili wanapandisha gunia. Karani anasubiri namba itulie, anaisoma kwa sauti. Mkulima, aliyesimama upande wa pili, anairudia. Msaidizi mezani anaiandika huku akiitamka tena. Kwa hiyo uzito umetajwa mara tatu, na watu watatu wameusikia, kabla haujaingia kitabuni. Halafu mkulima anauliza, "Gunia umetoa?" Karani anajibu, "Bado, Mzee, tunatoa mwisho kwa jumla." Mzee anaitikia kwa kichwa na gunia la pili linapanda.

Sasa fikiria mtengeneza programu ambaye hakuliona hilo. Anaunganisha mzani wa kidijitali na kishikwambi moja kwa moja, namba inaingia yenyewe bila mtu kuigusa, na anajisifu kwamba ameondoa makosa ya kuandika. Kweli ameyaondoa. Lakini pia ameondoa sauti, na sauti ile ndiyo iliyokuwa inamhakikishia mkulima kwamba hajaibiwa. Kwa watu ambao wamewahi kuibiwa kwenye mzani, kimya ni sababu tosha ya kuukataa mfumo. Hitaji lililotoka hapo liliandikwa hivi: uzito uonekane kwa tarakimu kubwa kwa mkulima aliyesimama upande wa pili wa mzani, na usihifadhiwe mpaka karani ausome na kubonyeza kukubali. Sekunde mbili zaidi kwa kila gunia, na hakuna aliyelalamika.

Lile swali la gunia nalo lina uzito wake. Uzito upi ndio uzito? Wa korosho pamoja na gunia, au wa korosho tupu? Unatolewa kwa kila gunia au kwa jumla? Chama kinaweza kuwa kinafanya hivi na ghala kuu linafanya vile, na tofauti ikaonekana kwenye malipo kama wizi. Usidhani jambo hili ni la kijijini. Mwaka 1999 chombo cha NASA kilichoitwa Mars Climate Orbiter kilipotea kilipofika kwenye sayari ya Mirihi, kwa sababu programu upande mmoja ilitoa hesabu za msukumo kwa vipimo vya Kiingereza, vya pauni, na upande wa pili ulizipokea kama vipimo vya metriki. Pande zote mbili zilikuwa na wahandisi hodari. Kila mahali ambapo namba inatoka mkono mmoja kwenda mwingine, andika ni namba ya nini, kwa kipimo gani, na baada ya kutoa nini.

Ukiwa hapo mzanini andika pia mazingira, kwa sababu nayo ni mahitaji: mtandao unapatikana upande gani wa ghala, umeme ukikatika mzani unaendelea kwa betri au unazima, jua la saa nane linapiga wapi hata kioo kisisomeke, karani ana vumbi mikononi kiasi gani. Printa ndogo za risiti zinazochapa kwa joto, kama zile za mashine za EFD, zinafaa sana kwa kasi, lakini karatasi yake hufifia ikikaa kwenye joto. Mkulima hukaa na stakabadhi akisubiri mnada na malipo, na huiweka anakokujua yeye: kwenye mfuko wa shati, chini ya godoro, juani dirishani. Kwa hiyo hitaji halikuwa "mfumo utoe risiti". Lilikuwa: uthibitisho wa mapokezi uendelee kusomeka mpaka mkulima alipwe na malalamiko ya msimu yafungwe. Tukaishia na stakabadhi ya kitabu chenye nakala ya kaboni kwa mkulima, na meseji kwa mwenye simu. Printa ya joto ikabaki kwa matumizi ya ofisi.

Namna ya kuuliza

Baada ya kuona, sasa hoji. Hoji mmoja mmoja, na anza na wa chini. Ukimweka karani, meneja na mwenyekiti wa bodi kwenye meza moja, utapata majibu ya mwenyekiti matatu. Karani hatampinga mkubwa wake mbele ya mgeni, na hana sababu ya kufanya hivyo. Mwenyekiti naye ahojiwe kwa heshima yake, kwa wakati wake, tena kwanza aombwe ruhusa ya kuzungumza na wengine. Ukiruka itifaki hiyo umejifungia milango.

Swali la "unataka mfumo ufanye nini?" liache. Mtu ambaye hajawahi kuona mfumo atakujibu kwa adabu kitu anachodhani unataka kusikia, na aliyewahi kuona mmoja ataomba uleule. Uliza kuhusu jambo lililotokea:

"Mara ya mwisho mkulima kuja kulalamika kuhusu malipo, ilikuwaje? Mlianzia wapi kutafuta?"

"Siku hiyo umeme ulipokatika, foleni mliifanyaje?"

"Ni kazi ipi ukiifikiria jioni inakuchosha kuliko zote?"

"Akija mtu mgeni kushika nafasi yako kesho, ni kitu gani hakimo kitabuni utamwambia kwa mdomo?"

Hilo la mwisho ni swali langu pendwa. Mama mmoja aliyekuwa karani kwa miaka mingi alinijibu hapohapo: "Mwanangu, nitamwambia awajue kwa sura wanaoleta korosho nyingi kuliko shamba lao." Alikuwa anazungumzia kangomba, wale wanaonunua korosho kwa wakulima kinyume cha utaratibu, kwa bei ya kutupa, kisha wanazipitisha chamani kwa majina ya watu wengine. Hadidu za rejea za mradi, yaani maelezo ya kazi tuliyoagizwa, hazikuwa na neno hata moja kuhusu hilo. Kutokana na jibu lake tuliweka hitaji kwamba mfumo ulinganishe mzigo wa mkulima na idadi ya mikorosho aliyoandikishwa nayo, na ukipita kiasi umwonyeshe meneja. Haumzuii mkulima, maana mavuno mazuri yapo na takwimu za mikorosho nazo huwa zimepitwa. Unaonyesha tu, na mwanadamu anaamua.

Toyota walijulikana kwa mazoea ya kuuliza chanzo cha tatizo mara tano mfululizo mpaka wafike kwenye mzizi, na njia hiyo inafaa sana kwenye kazi yetu. Ila kumuuliza mtu mzima kwa nini, kwa nini, kwa nini ni kumhoji kipolisi. Mimi huuliza "hii ilianza lini?" au "kabla ya hapo mlikuwa mnafanyaje?" Mizizi ni ileile, na mtu habanwi. Kuna chama nilikokuta stakabadhi zinapigwa mihuri miwili. Nilipouliza ilianza lini, nikaambiwa ni tangu msimu ambao muhuri wa kwanza ulipotea ukaonekana tena, wakawa hawauamini. Waliokuwa wanaupiga wa pili walishasahau sababu. Laiti tungeandika programu bila kuuliza, leo kungekuwa na hatua mbili za uidhinishaji kwenye mfumo kwa ajili ya muhuri uliopotea.

Na ukisikia "ndiyo, ndiyo, ni sawa", usiihesabu kama makubaliano. Ni ukarimu. Makubaliano ni pale mtu anapokurekebisha.

Rekebisha kazi kabla ya kuiingiza kwenye kompyuta

Chukua karatasi ya manila, ibandike ukutani ofisini kwao, na ufuate gunia moja kutoka linaposhuka kwenye baiskeli au bodaboda mpaka fedha zinapoingia benki. Chora kila mkono linaopita, kila mahali linaposubiri na kila mahali jina la mkulima linapoandikwa. Fanya hivyo pamoja na makarani, wao ndio washike kalamu. Wanapobishana wenyewe kwa wenyewe kuhusu hatua ya tatu, wewe andika.

Kwenye mchoro mmoja tuliona jina la mkulima linaandikwa upya mara nne: kitabu cha mapokezi, stakabadhi, orodha ya malipo, na fomu ya kupeleka benki. Kila linaponakiliwa linapata nafasi ya kubadilika. Mkulima anayeitwa kijijini kwa jina la baba, benki ana jina la babu, na kwenye kitambulisho yako yote matatu. Malipo yanakwenda, yanarudi, na mkulima anaona wenzake wamelipwa yeye bado. Lawama zote zinamwangukia karani.

Dawa yake haikuhitaji programu. Kabla ya msimu kufunguliwa, kila mkulima alete kadi ya benki au karatasi ya akaunti, jina linakiliwe kama benki ilivyoliandika, herufi kwa herufi, apewe namba ya uanachama, na kuanzia hapo popote iandikwe namba. Waliweza kuanza siku ileile kwa kalamu na daftari. Programu ilipokuja ilikuta kazi imeshanyooka, na sehemu ya malipo ikawa fupi kuliko tulivyoipangia.

Hapa nina msimamo ambao sitauacha: ukiweka kompyuta juu ya utaratibu mbovu, umepaka rangi ukuta wenye ufa. Tena umeufanya ubovu uwe mgumu kuondoa, kwa sababu sasa kuubadilisha kunahitaji mkataba na mtaalamu. Pitia mchoro kwanza, uulize kwa kila hatua: tukiiondoa, nani ataumia? Kama hakuna, iondoke leo. Kama kuna mtu, hilo ni hitaji, mwandike na jina la cheo chake.

Na kabla hujagusa chochote, pima hali ilivyo. Chagua vitu viwili au vitatu tu ambavyo karani anaweza kuhesabu bila kuongezewa mzigo: stakabadhi ngapi zilirekebishwa wiki hii, malipo mangapi yalirudishwa na benki, mkulima alikaa muda gani tangu kufika mpaka kuondoka na stakabadhi. Bila namba hizo za mwanzo hutaweza kumwonyesha mtu yeyote kama mfumo umesaidia, na bodi itabaki inabishana kwa hisia.

Andika hitaji ambalo karani anaweza kulikataa

Mahitaji mengi ninayoletewa yamesomeka hivi: "Mfumo uwe wa kisasa, rahisi na wa haraka." Hakuna mtu anayeweza kulikataa hilo, na hakuna anayeweza kuthibitisha kwamba limetimia. Hitaji zuri linamtaja anayefanya, jambo linaloanzisha, matokeo, na namna ya kupima. Linganisha na haya:

Karani anapokubali uzito wa gunia la mwisho la mkulima, jumla ya kilo na namba ya mapokezi zionekane ndani ya sekunde 5, hata pasipo mtandao. Kupima: zima data, pokea magunia matano, angalia.

Uzito uliokwisha hifadhiwa usiweze kufutwa. Ukirekebishwa, uzito wa kwanza, wa pili, aliyerekebisha, saa na sababu vibaki vikionekana kwa meneja na kwa mkaguzi. Kupima: karani ajaribu kufuta, meneja afungue historia.

Mhasibu aweze kuongeza, kubadili au kusitisha aina ya kato bila kumwita mtengeneza programu, na mabadiliko yasiguse mapokezi ya tarehe za nyuma. Kupima: ongeza kato la majaribio kuanzia kesho, linganisha malipo ya jana na ya kesho.

Hilo la makato nalisisitiza kwa kila mtu. Viwango na aina za makato kwenye mazao haya hubadilika kutoka msimu hadi msimu, na tangazo linaweza kuja mzani umekaribia kufunguliwa. Ukiona kitu kinaamuliwa nje ya chama, na serikali, halmashauri au chama kikuu, usikifungie ndani ya programu. Kiache kwenye mpangilio ambao mtu wa ofisini anaufikia.

Kwa kila hitaji andika pia limetoka kwa nani na lini. Miezi sita baadaye mtu atauliza kwa nini kuna sehemu ya mleta mzigo, na utamwonyesha ukurasa wenye maneno "kwa niaba ya mama yake".

Kuna mahitaji ambayo hakuna mtumiaji atakayeyataja lakini sheria inayataka. Mfumo kama huu unabeba majina, namba za simu, akaunti na vipato vya watu, na Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023. Kwa hiyo andika wazi nani anaona nini, taarifa zinakaa wapi, zinakaa kwa muda gani. Orodha ya malipo iliyobandikwa ukutani yenye namba za akaunti ilikuwa kawaida kwenye ofisi nyingi. Usiihamishe tabia hiyo kwenye mfumo kwa kisingizio kwamba ndivyo walivyozoea.

Kipi kwanza

Orodha ikiwa ndefu, na itakuwa ndefu, msingi wangu wa kupanga ni mmoja: siku mzani unafunguliwa, ni kipi kisipokuwepo kazi inasimama? Hicho ndicho cha kwanza. Kinachohitajika siku ya malipo kinaweza kufuata wiki zijazo. Ripoti ya mwaka ina muda wake. Msimu hausubiri, na jambo hilo linamaliza mabishano mengi.

Kwa yanayobaki, nawapa watu wa chama korosho kumi kila mmoja, nawaandikia mahitaji kwenye vikaratasi mezani, kila mtu anaweka korosho zake anapoona panafaa. Wanaweka makarani kwanza, viongozi mwisho, ili mkubwa asivute wengine. Hesabu ikikamilika unajua. Siku moja "mwonekano wa simu kwa bodi", uliokuwa juu kabisa kwenye hadidu za rejea, uliambulia korosho mbili, na "kutafuta mkulima kwa jina la utani" likajaa. Mwenyekiti mwenyewe alicheka akakubali.

Waonyeshe mapema, kisha nyamaza

Usingoje programu. Chora skrini kwenye karatasi, moja kwa kila hatua, mpe karani, mwambie apokee mzigo wa mkulima wa kuigiza. Akigusa kitu, mbadilishie karatasi. Usimwelekeze. Pale anaposita na kukutazama usoni, weka alama. Kazi ya asubuhi moja namna hii inaokoa wiki za kuandika upya.

Baadaye fanya majaribio kwenye kituo kimoja kabla ya vyote, na utazame hasa wanachokifanya ambacho hukukipanga. M-Pesa yenyewe ilizaliwa hivyo. Majaribio ya Safaricom na Vodafone nchini Kenya, yaliyoanza mwaka 2005 pamoja na taasisi ya mikopo midogo ya Faulu, yalilenga kuwasaidia wakopaji kurejesha mikopo kwa simu. Watumiaji wakaanza kutumiana fedha kwa shughuli zao nyingine. Waliokuwa wakisimamia wangeweza kuyaona hayo kama matumizi mabaya ya mfumo na kuyafunga. Waliyasoma kama hitaji, na huduma ilipozinduliwa Machi 2007 ilikuwa ya kutuma pesa nyumbani.

Mfumo ukishaanza

Kazi ya mahitaji haiishi siku ya uzinduzi. Kila wiki ya msimu, siku ambayo hakuna mapokezi, kutana na makarani kwa nusu saa. Leta zile namba chache mlizokuwa mnahesabu tangu mwanzo. Uliza mambo mawili: nini kiliwachelewesha, na nini mlilazimika kuandika pembeni. Chagueni jambo moja tu la kubadilisha wiki inayofuata. Mkibadili matano kwa pamoja, namba zikipanda au zikishuka hamtajua ni kwa sababu ya lipi.

Maombi mapya yatakuja kila siku, mengine kwa simu usiku. Usikatae na usiahidi. Yaandike kwenye orodha moja inayoonekana na wote, kila ombi likiwa na jina la aliyeomba, kisha yapitie kwenye kikao cha wiki kwa kipimo kilekile cha nini kinasimamisha kazi. Ombi la mkubwa lipite njia hiyohiyo. Mweleze hivyo mwanzoni mwa mradi, kabla hajaomba, na uiweke kwenye mkataba.

Msimu ukifungwa, kaa na chama uandike taarifa ya kurasa chache: mahitaji yaliyotimia na yalivyopimwa, yasiyotimia na sababu, namba za mwanzo na za mwisho, na mambo ambayo bado yanafanywa kwa kalamu. Ibaki nakala kwa meneja, kwa bodi na kwa makarani, kwa Kiswahili, isomwe kwenye mkutano mkuu. Mtengeneza programu atakayefuata, awe wewe au mwingine, aanze kwa kuisoma hiyo.